Afande Hataki Tumtazame

3 Machi

Kaka,

Huku wazima, isipokuwa goti la Mama ambalo hubishana naye kila akitaka kuinuka. Nakuandikia kwa sababu kwenye simu hatuwezi kuongea. Unamjua Mama, hataki simu isiyowekwa spika. Anasema anayenong'ona kwenye simu ana jambo, na safari hii mwenye jambo nadhani ni wewe.

Jumapili ulipiga ukasema tamthilia yako mpya si nzuri, tusijisumbue kuitazama. Mama akaniuliza kama unaumwa.

Miaka ishirini na sita, Kaka. Tumekutazama ukiwa askari wa kugonga mlango na kuuliza maswali mawili. Tumekutazama ukiwa daktari wa kusema "tumejitahidi" na kuondoka, ukiwa mlinzi wa geti, ukiwa shahidi wa tatu mahakamani. Umekufa mara kumi na moja, nimezihesabu. Ile mara ya sita ulifunikwa shuka mwanzo mpaka mwisho, na bado ulitupigia simu mapema: "Angalieni miguu, ile miguu ni yangu." Mama akawaita majirani waje kuona miguu. Mtaani kwetu jina lako la kuzaliwa limeshasahaulika, watoto wakikuona wanapiga saluti: Afande, Afande.

Sasa umepata nafasi ya kubeba hadithi nzima, baba mwenye mke na watoto, na uso wako uko kwenye bango hapo dukani kwa muuza mikate. Mtu aliyetuita tutazame miguu leo anatuficha uso?

Kama kuna mwanamke unambusu, Mama ana miaka themanini na miwili, hatazimia. Kama ni jambo jingine, sema.

Mdogo wako


11 Machi

Mdogo wangu,

Barua yako imenichekesha, ila umechimba mahali pasipo na kisima. Hakuna jambo. Wigi walilonivalisha linawasha, taa zinanionyesha mzee kuliko nilivyo, na hadithi yenyewe inazunguka kama mbwa anayetafuta pa kulala. Basi tu.

Lakini kwa kuwa umeuliza, nikwambie linalonikosesha raha. Sijui nilichaguliwaje. Mwongozaji alitaka mtu mwenye jina, hilo nililisikia kwa masikio yangu mawili kutoka kwa fundi wa kunipaka poda, anayejua kila kitu kabla hakijatokea. Mtu akikaa kwenye foleni miaka ishirini na sita, ghafla akaitwa apite mbele, hageuki nyuma kuona ni nani amemsukuma? Mwandishi wa tamthilia ni binti mmoja mwembamba. Hukaa kwenye kiti nyuma ya kamera, na kila nikimtazama anatazama karatasi zake. Nikigeuka nahisi macho yake kisogoni. Karatasi za wenzangu zinakuja wiki moja kabla. Zangu naletewa asubuhi ya siku yenyewe.

Hebu nikuulize kitu, na usikikuze. Unakumbuka ulipougua surua? Ulikuwa na miaka sita, Mama akifua mashuka hospitalini. Unakumbuka nini cha siku zile? Na je, kuna mtu yeyote umewahi kumsimulia habari za nyumbani kwetu, mgeni, mwandishi wa magazeti, yeyote?

Mama asijue nimeuliza.

Kaka yako


20 Machi

Kaka,

Unaniambia hakuna jambo, halafu unaniuliza surua ya miaka arobaini na minne iliyopita, na Mama asijue. Ningekuwa mimi ndiye askari, ningekuweka ndani.

Nitakujibu, kisha utanijibu.

Nakumbuka chumba cha ndani na blanketi la kijivu lililochoma shingo. Macho yalikuwa yamegandana, kwa hiyo siku zile nazikumbuka kwa masikio. Nakumbuka kikohozi changu, kikavu, kizito, mpaka jirani akasema huyu mtoto anakohoa kama mvuta tumbaku. Na nakumbuka jambo moja la ajabu. Nilikusikia ukiita, sebuleni, kwa sauti ya heshima: "Baba, kuna mgeni." Nilifurahi kitandani. Nilijua Baba amerudi kutoka kule kwenye kazi ya barabara alikokwenda na tingatinga lake na kukaa miaka mitano bila barua. Baadaye nilipokuuliza ulisema surua inaropoka. Nikaamini, nikasahau. Sasa umeniuliza na nimekumbuka, na naona nilivyosahau si bure.

Kuhusu wageni: mwezi wa Desemba alikuja binti mmoja, akasema anakusanya habari za wanawake waliofua hospitalini zamani. Mama alimkirimu chai na maneno ya saa tatu. Mwembamba, anaandika kwa mkono wa kushoto, akicheka anafunika mdomo. Alitazama picha zote ukutani, akauliza huyu nani, yule nani. Akauliza kama Mama aliwahi kuolewa tena. Mama akamwambia yule seremala alimposa mara mbili na mara mbili akamkatalia, kwa kuwa mume wake hajaonekana maiti wala kaburi. Yule binti akaweka kalamu chini, hakuandika tena. Nilidhani amechoka.

Haya, zamu yako. Mgeni yule alikuwa nani?

Mdogo wako


28 Machi

Mdogo wangu,

Kumbe ni wewe.

Binti wa kushoto anayefunika mdomo ndiye mwandishi wetu. Umemkaribisha, umempa kiti, na ya ndani ya nyumba yetu umemmwagia. Maneno yale uliyoyasikia ukiwa na surua, "Baba, kuna mgeni", leo yako kwenye karatasi, herufi kwa herufi, na mimi nimesimama mbele ya kamera kuyasikiliza. Usiniambie ulikuwa umesahau. Aliyesahau hakumbuki mpaka kikohozi. Alikuahidi nini? Au ulipenda tu kusikilizwa, kwa kuwa miaka yote wanaoulizwa ni mimi?

Nisamehe, lakini mtu ajenge nyumba yake kwa matofali yake, asibomoe ya kwetu.

Kipindi cha Alhamisi ijayo Mama asikione. Sikuombi, nakuambia kama kaka yako mkubwa. Chomoa waya, sema televisheni imekufa, mpeleke kwa mtu akakandwe goti, fanya lolote. Ukikataa, litakalotokea humo ndani liko juu yako.

Kaka yako


6 Aprili

Kaka,

Barua hii nimeichana mara mbili. Hii ya tatu haina adabu lakini ina ukweli.

Sikumwambia yule binti neno moja kuhusu surua. Ningemwambiaje jambo ambalo mwenyewe uliniambia ni maruweruwe? Umekufa mara kumi na moja nikakulilia hata pale nilipokuona unapumua chini ya shuka. Hukuwa na sababu ya kuniita msaliti.

Hata hivyo nilikutii. Alhamisi nilichomoa waya, nikamwambia Mama televisheni imekufa, kisha nikaenda kwa fundi cherehani wa nyumba ya pili kukitazama kipindi mwenyewe. Kama unataka mtu asitazame, usimwambie achomoe waya.

Nimekuona. Ulikuja na begi, ukasimama dirishani. Sikukutambua, Kaka. Sijawahi kukuona hivyo, sikujua unaweza. Fundi cherehani aliacha kushona. Mtoto wa ndani akakwambia mama yake ameshaolewa. Akageuza shingo akaita, "Baba, kuna mgeni," na ndani mtu akakohoa. Nikashika mdomo wangu mwenyewe. Ukatoa kwenye begi viatu vya mtoto, vyekundu, vya kitambaa, vyenye kifungo, ukaviweka dirishani ukaondoka.

Nilivaa viatu vile mpaka vidole vikatokea mbele. Ulisema nesi wa kliniki ndiye aliyenipa.

Nilirudi nyumbani mbio. Nikamkuta Mama kwenye kiti chake, amevaa gauni lake la kutokea, televisheni inawaka matangazo ya sabuni. Waya alikuwa amechomeka mwenyewe. Ameishi na umeme tangu wewe hujazaliwa, tulidhani hajui tundu liko wapi. Hakunitazama. Alisema neno moja: "Kumbe alirudi."

Leo siku ya tatu, hajasema jingine. Anakula, anaoga, anakunja nguo. Hanuni. Ananitazama kama mtu anayehesabu.

Usiniandikie habari za wigi. Ni kweli au si kweli?

Mdogo wako


13 Aprili

Mdogo wangu,

Ni kweli. Na wewe ndiye niliyekukosea kuliko wote katika barua hizi, kwa hiyo nakuomba radhi kwanza, kabla maneno hayajawa mengi.

Nilikuwa na miaka kumi na mitatu. Siku ile mikono ya Mama ilikuwa imepasuka kwa sabuni ya hospitali, asubuhi nilimfunga vitambaa vidoleni kabla hajatoka. Mchana, jua la saa nane, nikamwona Baba anakuja. Alikuwa amenenepa kidogo. Hilo ndilo lililoniudhi, sijui kwa nini, kwamba sisi tumekonda na yeye amenenepa. Hakwenda mlangoni, alisimama dirishani, akaniita kwa lile jina la utotoni. Nikamuuliza: "Unamtafuta nani?" Akasema mama yako. Nikamwambia Mama ameolewa.

Nikaona hajaamini. Ndipo nikageuza shingo nikaita ndani, kwa sauti ya mtoto anayemwogopa mwenye nyumba: "Baba, kuna mgeni." Nyumba haikuwa na mtu ila wewe. Nawe ukakohoa.

Alichoamini ni kikohozi chako. Nilikiona kikimwingia. Akaweka viatu dirishani, akasema mpe mdogo wako, akaondoka asigeuke. Nilidhani atarudi kesho, Mama akiwepo, aombe msamaha kama watu. Hakurudi kesho wala keshokutwa, na kila siku iliyopita uongo ulizidi kuwa mkubwa kuliko mimi. Seremala alipokuja kuposa na Mama akasema "nangoja", nilikuwa nyuma ya pazia. Ningeweza kusema. Sikusema.

Watu huniuliza nilianzia wapi kuigiza, nami huwatajia kikundi cha shule. Nilianzia pale. Mtazamaji wangu alikuwa mmoja na aliniamini mpaka kufa kwake.

Ndiyo, amekufa. Miaka mitatu sasa.

Nimelijua hilo Jumanne. Nilimvizia yule binti kwenye chumba cha mavazi, nikafunga mlango, nikamuuliza ni nani aliyempa maneno yale. Nilikuwa nimejiandaa kwa hasira, hata sauti nilishaichagua. Hakushtuka. Akasema: "Nimekungoja uniulize tangu siku ya kwanza. Nilipewa na baba yangu, naye ndiye baba yako."

Nikakaa juu ya sanduku la viatu.

Aliniambia kwamba Baba, alipoondoka dirishani, alikaa miaka mingine peke yake ndipo akaoa huko huko alikokuwa akiendesha mitambo. Kwa nini asioe? Mke wake alishaolewa. Mtoto wao ni huyu mmoja. Kila kipindi nilichomo alikitazama, na sehemu yangu ikiisha huzima televisheni hata hadithi iwe katikati, nyumba nzima inalalamika. Hakuwahi kusema sababu. Aliisema akiwa kitandani, mwishoni: yule askari ni mwanangu, alinifukuza kama mtu mzima.

Yule binti alikuja kwenu Desemba akitaka kumwona mume wa pili wa Mama. Alipotazama ukuta na kumsikiliza Mama, akajua hakuna mume wa pili na hajawahi kuwepo. Akajua mimi nilidanganya. Ndipo akaandika tamthilia. Kwa mwongozaji aliweka sharti: asiponichukua mimi, haandiki. Karatasi alinicheleweshea makusudi, nisipate muda wa kutunga uso.

Nilimuuliza swali la aibu, nalo nakuandikia vivyo hivyo. Nilimuuliza kama kuna hata chembe ya nafasi ile niliyoipata kwa kazi yangu. Akasema amenitazama tangu ana miaka mitano, kabla hajajua mimi ni nani kwake. "Ulikuwa unakuja dakika moja, na hiyo dakika moja ndiyo niliyokuwa naiamini." Sijui kama ni kweli au ananipooza. Nimekuwa mtu wa kushuku kila neno, na nimegundua ni kwa sababu mimi mwenyewe ndiye wa kushukiwa.

Msomee Mama barua hii yote. Usiruke mahali.

Kaka yako


21 Aprili

Mwanangu,

Naandika kwa mkono wangu, kwa hiyo soma taratibu.

Mdogo wako amenisomea, aliporuka mahali nilijua na nikamrudisha.

Vile viatu. Nilikwenda kliniki kumshukuru nesi. Nesi akasema hajanunulia mtoto yeyote viatu. Nikarudi nyumbani nikijua umeviiba. Sikukuuliza, niliogopa jibu. Miaka yote hiyo nimekuombea usije kuwa mwizi, ndiyo maana walipokufanya askari kwenye televisheni nilifurahi kuliko ilivyostahili. Nawe ulidhani nafurahia kofia.

Seremala alikuwa mtu mzuri. Alikuwa na mikono safi na hakuwa msemaji. Hilo ni lako, ulibebe, sitakusaidia kulibeba. La baba yako ni la kwake, kwa kuwa mtu mzima aliyepita barabara ya miaka mitano hakushindwa kuuliza kwa jirani mmoja. Alitaka kuamini. Mimi mwenyewe nilikuwa na mdomo wa kuuliza habari za viatu, nikaukalia. La kwangu ni hilo.

Kwenye televisheni ulisimama vizuri, lakini sijui kama ndivyo alivyosimama. Wewe ndiye uliyemwona mara ya mwisho, mimi sikumwona. Si ndiyo kazi yako? Njoo unionyeshe.

Usije na zawadi.

Mama yako


9 Mei

Kwa mwandishi wa tamthilia,

Sijui nikuite nani. Dada ni mapema, binti ni ubaya. Kwa sasa hapo juu nimeandika kazi yako.

Kaka alikuja Jumamosi, mchana. Begi aliliacha kwa fundi cherehani, akaja mikono mitupu kama alivyoagizwa. Mama alikuwa ameketi ndani, nguo ya kutokea, dirisha wazi. Hakumruhusu kuingia. Akamwambia anzia pale.

Kaka alikuja kutoka kwenye kona, akasimama dirishani, uzito wote mguu mmoja, mkono juu ya fremu. Mama alimtazama muda mrefu mpaka nikataka kuingilia. Kisha akasema: "Kichwa kiinamishe zaidi. Alikuwa mrefu, dirisha hili lilikuwa linamfikia hapa." Kaka akainamisha. Mama akasema: "Sasa niite." Kaka akamwita kwa jina ambalo sikuwahi kulisikia mtu mwingine akimwita Mama. Sikujua kwamba analijua.

Mama aliinuka, na goti lake halikubisha. Alikwenda dirishani akamshika uso, akasema, si kwa Kaka bali kwa Baba, hilo nililiona: "Ungegonga mlango." Mara moja tu. Halafu akamwambia Kaka aingie, chai inapoa, na asikae kwenye kile kiti chake.

Hawajapatana kama watu wa kwenye hadithi zako. Jumapili alimnunia asubuhi yote kwa ajili ya seremala, jioni akamfungia vitumbua vya safari. Anasema akirudi atamnunia tena, na Kaka anasema atarudi.

Mama ameuliza habari zako. Kwamba baba yako alikuwa akiumwa nini, nani alimwosha, kama alikuwa bado anapenda kulala upande wa ukutani. Nimemwambia mimi sijui, aulizwe anayejua. Akasema basi mwandikie aje. Aje peke yake kwanza, mama yake tutamzoea polepole, kila mtu na pumzi zake.

Mimi sijakuamini. Ulikuja kwetu na uongo mdomoni, ukanywa chai yetu, ukatazama picha zetu ukijua usilotuambia. Najua ulikuwa na sababu, na najua hata Kaka alikuwa na sababu. Lakini kutoka Machi mpaka leo nimetumia muda mwingi kuwashuku watu ninaowapenda, na wewe ulikuwa umekaa nyuma ya kamera unaandika.

Njoo Jumamosi ya mwisho wa mwezi. Nitakupokea mwenyewe kituoni, nitakubebea mzigo, na utalala chumba cha ndani. Kalamu iache huko huko.

Binti wa baba yako